Toyger: jina linalokiri na jina linaloficha

Wapo wanaokutana na jina la Toyger, aina ya paka wa kufugwa, wakadhani ni kosa la tahajia. Si kosa. Neno la Kiingereza "tiger", yaani chui milia au simbamarara, limeng'olewa mwanzo wake, na mahali pake pakapachikwa "toy", yaani kichezeo. Kwa sikio la Mswahili tofauti ni ya irabu moja tu: taiga, toiga. Ndani ya irabu hiyo moja umo ubishi wote kuhusu paka huyu. Je, jina hili linamtukuza chui milia au linamfanyia mzaha? Na paka mwenyewe, ameitwa mnyama au ameitwa kitu?

Ukitaka kuliona jina linavyofunguka, jaribu kulitafsiri. "Toy" ina sura mbili. Kwa wafugaji wa mbwa ni neno la kipimo: Toy Poodle ni poodle yuleyule aliyepunguzwa kimo. Kwa mtoto, neno hilohilo ni kitu cha kuigiza: gari la bati lisilofika popote, bunduki ya mti isiyoua. Kiswahili hakina neno moja la kuzibeba sura zote mbili. Ukitaka udogo, kiambishi ki- kinakutosha, useme kisimbamarara. Ukitaka uigaji, itakubidi useme simbamarara wa bandia, au hata mwanasesere wa simbamarara. Mfasiri analazimika kuchagua, na akishachagua amekwisha kutoa hukumu.

Tazama sasa mnyama mwenyewe. Toyger ni paka wa ukubwa wa kati, hana udogo wowote akiwekwa pamoja na paka wenzake. Wala hakuwahi kuwa chui milia aliyepunguzwa, kwa maana ukoo wa paka wa nyumbani na ukoo wa chui milia uliachana zaidi ya miaka milioni 10 iliyopita, na hakuna njia ya kuwazalisha pamoja. Kwa hiyo maana ya udogo inaanguka. Inabaki ile ya pili, ya kuigiza, na nadhani ndiyo iliyo kweli.

Kiswahili kina desturi yake ya kuwataja wanyama wa namna hii. Humchukua anayejulikana, kikamwongezea kile jicho linachokiona: punda milia, chui milia. Kwa kanuni hiyo Toyger angekuwa paka milia, na mjadala ungeishia hapo. Shida ni kwamba paka milia tunaye tayari, na yupo kila pembe ya dunia, juu ya kuta na chini ya magari. Waingereza humwita "mackerel tabby", na jina hilo nalo ni kituko. Mackerel ni samaki wa jamii ya kibua, na ametajwa kwa sababu milia myembamba ya ubavuni inafanana na ya samaki huyo. Tabby imesafiri mbali zaidi: asili yake ni mtaa wa Attabiya mjini Baghdad, uliosifika kwa hariri ya mistari. Kumbe kabla hajapewa jina la chui milia, paka huyu alikuwa amekwisha kubebeshwa jina la samaki na jina la kitambaa. Watu wamekuwa wakiyasoma mambo yao katika ngozi yake tangu zamani.

Mwishoni mwa miaka ya 1980, huko California, mfugaji Judy Sugden alikuwa anajaribu jambo la kawaida: kuikoleza milia ya paka wa namna hiyo ionekane wazi zaidi. Kisha akagundua madoa mawili kwenye panja za paka wake mmoja. Jambo dogo, lakini kwa mfugaji wa milia lilikuwa kama mlango uliofunguka. Paka wa nyumbani mwenye milia ana herufi M kwenye paji la uso, na kutoka hapo mistari hupanda moja kwa moja kuelekea kisogoni. Uso wa chui milia hauko hivyo. Michirizi yake inauzunguka uso, na ile ya pajini imelala kiasi kwamba Wachina huisoma kuwa alama yao ya maandishi yenye maana ya mfalme. Kumtoa paka kwenye M na kumfikisha kwenye duara, hiyo ndiyo kazi yenyewe. Mwili mrefu, masikio madogo ya duara, tumbo jeupe na rangi ya machungwa vilifuata.

Wanaohesabiwa kuwa msingi wa ukoo huu ni wawili: paka milia wa kawaida aliyeitwa Scrapmetal, na paka wa aina ya Bengal, mwenye mifupa mikubwa, aliyeitwa Millwood Rumpled Spotskin. Mwaka 1993 akaongezwa Jammu Blu, paka wa mtaani kutoka Kashmir, India, ambaye kati ya masikio yake palikuwa na madoa badala ya mistari. Mwaka huohuo chama cha kimataifa cha paka, TICA, kikaanza kuwaandikisha Toyger, na mwaka 2007 kikawaruhusu kushindania ubingwa katika maonyesho yake. Kwa hiyo sehemu ya kichwa hiki cha kifalme imetoka kwa paka wa barabarani. Wauzaji hawaitangazi sana habari hiyo. Mimi ndiyo ninayoipenda kuliko zote.

Huyo Bengal wa msingi anatuleta kwenye hoja ya wanaolitetea jina. Sugden ni binti wa Jean Mill, ambaye alianza mwaka 1963 kuwachanganya paka wa nyumbani na paka chui wa Asia, mnyama mdogo wa porini mwenye madoa, hadi akapatikana Bengal. Mama alitengeneza paka wa chui, binti akatengeneza paka wa chui milia. Kwa Kiswahili ukoo unajisimulia wenyewe. Lakini jina Bengal linatoka wapi? Limetoka kwenye jina la kisayansi la yule paka chui, Prionailurus bengalensis. Ni sahihi kabisa, na bado linapotosha, kwa sababu asikiaye Bengal humkumbuka chui milia wa Bengal, na hakuna tone la damu ya chui milia ndani yake. Ocicat, aina nyingine ya paka, jina lake limeundwa kutokana na ocelot, paka mwitu wa Amerika, ilhali alitokana na paka wa nyumbani watupu. Serengeti naye ni mchanganyiko wa Bengal na paka wa Oriental uliofanywa California. Anaigiza umbo la mondo, paka mwitu wa Afrika, lakini damu ya mondo hana, na nyika anayoitwa kwa jina lake haikuwa na sehemu yoyote katika kuzaliwa kwake.

Weka Toyger kando ya hao. Ndilo jina pekee kati yao linalosema wazi, mbele ya mnunuzi, kwamba hiki ni kiigizo. Huwezi kumshitaki mtu kwa kukuuzia simbamarara wa bandia ikiwa neno bandia limo ndani ya jina. Tumezoea kuonywa kuhusu chui aliyevaa ngozi ya kondoo. Hapa yupo kondoo aliyevaa ngozi ya chui, na kibandiko kifuani kinachosema kuwa ngozi ni ya kuazima. Faida ya ukweli huo si ya lugha peke yake. Paka aina ya Savannah, ambaye kweli ana damu ya mondo, Australia ilimzuia kuingia nchini mwaka 2008 kwa kuhofia usalama wa wanyama wa porini. Anayetamani sura ya pori nyumbani ni afadhali mara mia achukue paka aliyechorwa pori kuliko aliyezaliwa nalo. Toyger, kupitia Bengal, anayo chembe ya paka chui wa Asia vizazi vingi nyuma, lakini tabia yake ni ya paka wa nyumbani.

Wanaolipinga jina hawajibiwi na hayo. Wao hawalalamiki kwamba linadanganya kuhusu damu. Wanalalamika kwamba linasema kweli kuhusu jambo lingine: kwamba kiumbe hai kimebuniwa kama kitambaa, kwa ajili ya jicho la anayelipa, kisha kikaitwa kichezeo bila haya. Kichezeo hununuliwa, huchosha, hutupwa. Mbwa wa Toy wanalo neno hilo pia, utasema, na hakuna anayepiga kelele. Ni kweli, lakini kwao limechakaa na kubaki kipimo, kama lebo ya nguo ndogo. Kwa Toyger limerudishwa makusudi kwenye maana yake ya dukani ili lichekeshe.

Hapa ninakubaliana nao nusu. Si kila paka wa kubuniwa anabuniwa kwa gharama ileile. Scottish Fold anapendwa kwa masikio yaliyokunjika, na jeni inayoyakunja ndiyo inayoharibu gegedu mwili mzima, hadi miguu na mkia vikauma. Pale urembo na ugonjwa ni kitu kimoja, huwezi kuvitenganisha. Milia haimuumizi mtu. Ni mpangilio wa rangi, na wanasayansi walionyesha mwaka 2012 kwamba jeni iitwayo Taqpep, inayoamua kama paka atakuwa na milia myembamba au mabaka yaliyojiviringa, ndiyo ileile inayompa duma mmoja mmoja mabaka makubwa na kumfanya aitwe duma mfalme. Hatari ya Toyger iko mahali pengine, na haivutii macho: ukoo ulioanza na wazazi wachache, na magonjwa ambayo Bengal anaweza kurithisha, ukiwamo ugonjwa wa retina unaopofusha mapema. Vipimo vya jeni vipo. Mfugaji asiyepima ndiye anayegeuza mnyama kuwa kichezeo, jina liwe lolote.

Kuna dai jingine lililobebeshwa aina hii, na hili linanisumbua kuliko jina lenyewe. Inasemwa kwamba Toyger alikusudiwa kuwaamsha watu wajali hifadhi ya chui milia porini. Nia haina ubaya. Tathmini ya mwaka 2022 ya Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Asili ilikadiria chui milia wa porini kuwa kati ya 3,726 na 5,578, na wale wa Java, wa Bali na wa Kaspi wamekwisha toweka kabisa. Lakini fikiria mantiki yake. Mtu anampenda chui milia, ananunua paka kwa maelfu ya dola, na pesa zile zinakwenda kwa mfugaji. Msitu haukupata mti, mlinzi hakupata viatu. Watetezi hujibu kwamba mapenzi huanza na jicho, na kwamba mtoto aliyelala na Toyger miguuni atakuwa mtu mzima anayechangia. Inawezekana. Inawezekana pia akakua akidhani kiu yake imekatwa, kwamba chui milia yupo salama, yuko sebuleni.

Na kuna kinyume kimoja ambacho sijaona njia ya kukikwepa. Kazi ya milia ya chui milia ni kumficha. Rangi ile ya machungwa inayotuwakia sisi, paa na swala hawaioni hivyo. Macho yao hayatofautishi wekundu na kijani, kwa hiyo mwindaji anazama majanini. Kazi ya milia ya Toyger ni kumwonyesha. Michirizi ileile, kwa jicho la spishi nyingine, imepewa kazi iliyo kinyume. Neno "toy" linakiri hilo bila kificho. Dai la hifadhi linajaribu kulifunika. Ningependelea waendelee na jina, waliachie dai, au kila paka anayeuzwa aambatane na risiti ya kiasi fulani kilichopelekwa kwa walinzi wa msitu. Hapo ningenyamaza.

Anayesema jina la paka halina uzito amtazame Sokoke. Paka huyu wa pwani ya Kenya, mwenye mabaka yanayofanana na gome la mti, wafugaji walianza kumkuza mwaka 1978 na baadaye akapelekwa Denmark. Wazungu walimpa jina la msitu wa Arabuko Sokoke. Wagiriama walikuwa na lao, khadzonzo, linalohusu gome lile lile. Hakuna anayeigizwa ndani ya jina hilo, wala hakuna mnyama mkubwa anayeazimwa fahari. Lilitolewa na watu waliomwona akipanda mti, si na mtu aliyetaka awe kitu fulani. Toyger hangeweza kupata jina la namna hiyo, kwa sababu alipewa jina kabla hajafika: wafugaji bado wanalifukuzia lile duara la usoni, na wengi wa paka wao wanalikaribia tu.

Kwa hiyo mwandishi wa Kiswahili amwiteje? Kisimbamarara kinachekesha vizuri, lakini kinarudisha ule udogo ambao tumeona si wa kweli. Paka milia ni kweli tupu, lakini atachanganywa na wale wa ukutani. Mimi nitaendelea kuandika Toyger, herufi kubwa mwanzoni, na mara ya kwanza nitaeleza: paka milia aliyefugwa kwa uteuzi ili amwigize simbamarara. Ni sentensi ndefu kwa jina. Atakayeiona ndefu mno anaweza kurudi kwa yule paka wa msingi wa ukoo, ambaye hakuigiza chochote, na ambaye jina lake, Scrapmetal, maana yake ni chuma chakavu.