Ziwa walilikausha, mji wakauzamisha

Kuna klipu imezunguka kwenye grupu letu wiki iliyopita, kijana mmoja wa kutembea na kamera kasimama juu ya ziwa la Guatavita anapiga kelele "wanangu nimefika Eldorado, hapa chini kuna mabilioni", yaani ile nchi ya dhahabu ya kwenye hadithi, halafu muziki, halafu drone, basi, imeisha. Watu wakaanza kunitag kwa sababu naishi Bogotá, mji mkuu wa Kolombia, eti nishuke na ndoo. Nilicheka mwanzoni, halafu nikaudhika, na mimi nikiudhika naandika, mtanivumilia.

Kwanza ziwa lenyewe haliko kwenye mji wa Guatavita. Jina ni la Guatavita ila liko upande wa majirani, Sesquilé. Pili kile chelezo kidogo cha dhahabu chenye chifu katikati, ambacho kila klipu lazima wakibandike, hakikutoka ziwani. Wakulima walikikuta 1969 ndani ya chungu kwenye pango la Pasca, huko kusini-magharibi mwa Bogotá, sasa kiko Museo del Oro, makumbusho ya dhahabu ya Bogotá, na urefu wake hata sentimita 20 hakifiki. Lakini nani ana muda wa kusoma, drone inamaliza chaji.

Haya, tukae sawa. Guatavita ni kamji kadogo kwenye kama mita 2,680 juu ya usawa wa bahari. Waliowahi kufika Kitulo wataelewa haraka, ni baridi ileile, ukungu uleule wa asubuhi, viazi mpaka macho yanachoka, na jua likitoka saa sita linakuchoma kama halikukuona asubuhi nzima. Ziwa liko juu zaidi, karibu mita 3,000, la duara, maji ya kijani, limezungukwa na vilima kama liko ndani ya bakuli. Zamani watu walisema ni kimondo kilianguka. Maelezo yanayokubalika zaidi sasa ni kwamba chini palikuwa na chumvi, chumvi ikayeyuka, juu pakadidimia. Wa kimondo poleni.

Na hiyo chumvi ndio stori yenyewe, sema haing'ai kwenye video. Wamuisca, wenyeji wa milima hii tangu kabla ya Wahispania, hawakuwa na migodi ya dhahabu ya maana. Walichokuwa nacho ni chumvi, ya Zipaquirá, ya Nemocón, ya Tausa, maji yake yanachemshwa kwenye vyungu vikubwa vya udongo siku nzima mpaka linabaki bonge gumu, unavunja chungu unatoa bonge. Bonge hilo pamoja na vitambaa vya pamba na zumaridi vinashuka mabondeni kwenye joto, dhahabu inapanda milimani. Wanaichanganya na shaba, wanaimimina kwenye umbo lililoanzia kwenye nta, wanapata vinyago vyembamba vya kukaa kiganjani, tunjo wanaviita, kisha wanavitumbukiza majini au wanavifukia. Yaani mtu anatoa jasho lake la chumvi, ananunua dhahabu, anaitupa ziwani kwa makusudi na hana mpango wa kuirudia. Ilikuwa sadaka, imeshatolewa. Mhispania alipofika 1537 akasikia habari hizo, kwake ilikuwa benki isiyo na mlinzi.

Ndipo walipoanza kulikausha. 1545 wakapanga watu wapokezane vibuyu vya maji kutoka ziwani, wakashusha kina kama mita tatu, wakapata dhahabu kidogo ya kuwatia hamu. Miaka ya 1580 akaja mfanyabiashara Antonio de Sepúlveda, huyu hakutaka mchezo wa vibuyu, akaukata ukingo wa mlima ili maji yatoke yenyewe. Yakashuka kama mita 20. Kisha ukingo ukabomoka ukafukia wafanyakazi wengi, na mnajua bila kuambiwa walikuwa kina nani hao, hawakuwa kina Sepúlveda. Yeye akaja kufa maskini, mtanisamehe sina machozi. Pengo lile lipo mpaka leo, ukipanda ngazi mpaka juu unaliona mbele yako kama jino lililong'olewa, na ndipo watu wanapopanga foleni ya selfie. Nimesikiliza kwa masikio yangu dada mmoja akimuuliza mwenzie "hii sehemu wameichonga ya nini, vyuu?" Yaani view, mandhari. Vyuu!

Waingereza wakaja na kampuni mwishoni mwa karne ya 19, wao wakachimba handaki wakalitoa maji yote kabisa. Likabaki tope tu, huwezi kulikanyaga unazama, kesho yake jua likalipiga tope likawa zege. Vitu walivyovipata havikuzidi sana pauni 500, vikapelekwa mnadani London, kampuni ikafilisika. Serikali ya Kolombia ilikuja kulilinda ziwa 1965.

Sasa shikeni mwaka huo. 1965 ziwa linalindwa, hakuna kukausha tena, safi. Miaka miwili baadaye, 1967, mji wenyewe wa Guatavita ukiwa na kanisa lake, uwanja wake, vichochoro vyake na mashamba ya bondeni, unafunikwa na maji ya bwawa la Tominé! Kwa hiyo maji yaliyotakiwa yabaki yalitolewa, na bonde lililotakiwa likae kavu likajazwa. Mara zote mbili aliyeamua alitoka chini huko mjini na hesabu zake mkononi, na aliyelipa ni mtu wa mlimani. Hili ndilo linaloniuma, na hakuna klipu hata moja inayolitaja, kwa sababu mji wa wakulima kuzama hauna Eldorado ndani yake.

Najua mtasema Bogotá ilihitaji umeme, na Mto Bogotá ulihitaji kudhibitiwa. Ni kweli. Mimi mwenyewe hapa ninapoandika taa inawaka, sina pa kujificha. Na walijengewa mji mpya, tena mzuri, kuta nyeupe, vigae vya udongo, matao, kiuwanja cha kupigania mafahali, arkitekti alijiachia haswa. Unapiga picha popote inatoka. Ila mji ule umechorwa kufanana na Hispania ya kwenye kadi za posta, halafu ndio unauzwa kama mlango wa urithi wa Wamuisca, hapo naomba mnielimishe.

Kuna bibi anauza kuajada sokoni, lile jibini laini wanalimwagia sharubati nzito ya miwa. Nilimwuliza kuhusu mji wa zamani, hakuacha hata kukata jibini, akanyoosha kisu kuelekea bwawani, "sumercé", ndivyo wanavyomwita mtu kwa heshima huku, "nyumbani kwa mama yangu ni pale, kushoto kwa ile mashua nyeupe." Nikaangalia, kweli kuna mashua nyeupe ya tanga, maana wikendi matajiri wa Bogotá wanakuja kucheza na matanga Tominé. Akasema walihama na kuku kumi na mbili na nyumba mpya haikuwa na pa kuwaweka, mama yake akaanza kuwafuga chumba cha wageni kwa sababu wageni wenyewe hawakuwepo. Akacheka sana hapo. Kisha akanirudishia chenji pungufu, nikanyamaza.

La lugha ya Wamuisca sitalirefusha, mfalme wa Hispania aliipiga marufuku 1770 na ikafa. Lakini watu hawakufa, jamii za Wamuisca zipo Suba, Bosa, Cota, Chía na hapohapo Sesquilé, wana viongozi wao, wana mikutano yao, wanalima, wanagombana na manispaa kama watu wengine wote. Basi acheni kusema "walikuwa wanaamini", "walikuwa wanaishi", utafikiri dinosaria.

Ukipanda ziwani tafuta mwongozaji wa palepale, usije na wa basi la Bogotá mwenye kipaza sauti na vichekesho vya dhahabu. Vaa sweta. Mgeni analipa tiketi ghali kuliko mwenyeji na mimi sina neno, hata wakiongeza nitalipa, ila hiyo nyongeza ningependa iende kwa watu wa Sesquilé, isiishie kwenye kupaka rangi kile kiuwanja cha mafahali.