Gari Jeusi Hupendeza Likilowa

Watu wengi wakiona picha ya gari jeusi la zamani kwenye mvua husema ina huzuni. Mimi sioni huzuni hapo. Naona umbo, na naamini mvua hulichora umbo hilo vizuri kuliko jua lolote.

Rangi nyeusi inayong'aa hurudisha kila kilicho mbele yake. Kwenye jua kali, ubavu wa gari hujaa miti, nguzo na hata mpiga picha mwenyewe, jicho likakosa pa kutua. Wingu likitanda, mwanga hutawanyika, na juu ya bodi hubaki utepe mmoja mweupe unaofuata mgongo wa gari kutoka boneti hadi buti. Hapo ndipo Citroën Traction Avant, iliyotengenezwa kuanzia 1934 hadi 1957, inapojieleza yenyewe: madigadi yaliyovimba, taa zilizojitenga na bodi. Jaguar Mark 2 ya 1959 ni hivyo hivyo. Mabati yake yamepindwa kwa upole, mwanga unateremka bila kukatika.

Lami nayo ikilowa huiva weusi na papo hapo hugeuka kioo. Taa zikaanguka chini na kurefuka.

Kuipata picha hiyo si bahati. Kamera ikiachiwa ipime mwanga yenyewe, hulichukulia gari jeusi kama kitu cha kijivu, nalo hutoka limepauka. Punguza mwanga, stopu moja au mbili (kila stopu hukata mwanga kwa nusu), weusi urudi. Mvua yenyewe haionekani vizuri mpaka iwe na taa nyuma yake: shata, yaani pazia la kamera linaloruhusu mwanga kuingia, ikifunguka kwa 1/30 ya sekunde, matone huwa nyuzi, kwa 1/1000 husimama hewani kama shanga.

Ndiyo maana mvua ya kubandikwa na kompyuta inaniudhi. Michirizi inashuka kila mahali, lakini boneti kavu, lami kavu!

Na sikubaliani na desturi ya kuziondolea picha hizi rangi zote. Mpiga picha Mmarekani Saul Leiter, tangu mwishoni mwa miaka ya 1940, alipiga mitaa ya New York kwa filamu ya rangi, mara nyingi kupitia vioo vyenye mvuke na matone, na wekundu kidogo ulitosha kuibeba picha nzima. Gari jeusi tayari limeshatoa weusi wote unaohitajika. Taa yake ya nyuma iachwe iwe nyekundu.