Breki ya Mfupa Si Adui

Bibi aliteleza uani asubuhi moja, kando ya pipa la maji. Hakuanguka kutoka juu ya kitu. Alikaa chini tu, kwa kishindo kidogo, na nyonga ikavunjika. Hospitalini tukaambiwa "ni uzee huo", akafungwa mguu, akalazwa chali wiki baada ya wiki. Sikujua wakati ule kwamba kule kulala kwenyewe kulikuwa kunazidi kumla mifupa, na kwamba mlaji ana jina: sklerostini.

Nimeandika "mlaji" makusudi, kwa sababu ndivyo protini hii inavyosimuliwa siku hizi, na mimi sikubaliani. Sklerostini haili mfupa. Ni breki: inawazuia mafundi wasijenge. Hayo ni mambo mawili tofauti.

Ndani ya ile sehemu ngumu ya mfupa tunayoidhania jiwe, kuna seli hai zilizozikwa, kila moja kwenye kijitundu chake, zimeshikana kwa vijimkono vyembamba kama mizizi. Kazi yao mojawapo ni kuhisi uzito. Ukitembea, ukijitwika ndoo, ukipanda ngazi, zinapata habari. Zikikosa habari hiyo, hutoa sklerostini zaidi. Protini hutoka ndani ya seli, ikaenda kung'ang'ania vipokezi viitwavyo LRP5 na LRP6 kwenye ngozi ya seli zinazojenga mfupa. Hapo ndipo ujumbe wa Wnt, ule unaosema "jengeni", hupitia. Ukifika unakuta mlango umeshikwa. Na kusema kweli mwili una haki yake: wa nini kuulisha mfupa usiobeba kitu?

Ujumbe huo wa Wnt haukuanzia kwenye mifupa. Tangu kiumbe kiko tumboni, ndio unaosaidia kupanga wapi mbele na wapi nyuma, na huko nako una wazuiaji wake. Mmojawapo aligunduliwa kwa vyura huko Heidelberg, Ujerumani, mwaka 1998, akaitwa Dickkopf, yaani kichwa kigumu, mkaidi. Panya wasio na jeni yake hukosa sehemu ya mbele ya kichwa. Kumbe ili kichwa kiumbike, lazima awepo mtu wa kusema "basi, inatosha".

Anayetaka kujua breki ya mfupa ina faida gani aangalie familia chache za Makaburu wa Afrika Kusini. Kuna watoto huko waliorithi jeni mbovu ya sklerostini kutoka kwa baba na kwa mama pia. Wengi huzaliwa na vidole vilivyoungana. Kisha, wangali wadogo, uso hulegea upande mmoja, maana mfupa umekua ukabana mshipa wa fahamu ndani ya tundu lake. Masikio huziba. Wanarefuka kuwapita wenzao, taya linapanuka, na mifupa yao haivunjiki kirahisi. Lakini fuvu nalo huongezeka unene, hata kuelekea ndani, ubongo ukabanwa, na wapo waliokufa ghafla kwa sababu hiyo. Peter Beighton wa Chuo Kikuu cha Cape Town alizifuatilia familia hizi kwa miaka mingi. Jeni yenyewe ilitambuliwa mwaka 2001. Uholanzi, kwenye kijiji cha wavuvi cha Urk, upo ugonjwa unaofanana na huo ila mwepesi kidogo: jeni ni nzima, lakini kipande cha herufi za DNA kama 52,000 kando yake kimepotea, kipande ambacho huiwasha mfupani.

Kutokana na mateso hayo ndipo likazaliwa wazo la dawa: kuizuia sklerostini ili mifupa dhaifu ijengeke. Romosozumabu ni kingamwili inayoikamata sklerostini isifike mlangoni, na Marekani iliipa kibali mwaka 2019 kwa wanawake waliokoma hedhi ambao mifupa yao iko hatarini sana kuvunjika. Katika jaribio kubwa lililochapishwa mwaka 2016, baada ya mwaka mmoja wanawake 16 waliotumia dawa walikuwa wamevunjika pingili ya mgongo, dhidi ya 59 wa kundi lililochomwa sindano tupu, na makundi yalikuwa karibu sawa kwa ukubwa. Haya si matokeo ya kubeza hata kidogo.

Ila jaribio jingine, lililoilinganisha na alendroneti, dawa ya zamani ya mifupa, lilionyesha matatizo mazito ya moyo na mishipa kwa asilimia 2.5 dhidi ya 1.9 katika mwaka wa kwanza. Ndiyo maana boksi la dawa Marekani lina onyo kuhusu mshtuko wa moyo na kiharusi. Sklerostini inapatikana pia kwenye kuta za mishipa ya damu, kwa hiyo mimi sikushangaa. Hupewi zaidi ya dozi 12, moja kila mwezi, kisha lazima ufuatishe dawa nyingine, la sivyo mfupa ulioongezeka unapungua tena. Hata waliotengeneza dawa hawakuthubutu kuiachia breki moja kwa moja. Ukitaka kuona kipimo kinachofaa, watazame wazazi wa wale watoto wa Afrika Kusini: wana jeni moja nzima na moja mbovu, mifupa yao ni mizito kuliko ya watu wengine, na kwa kawaida hawaugui chochote.

Kwetu sindano hiyo iko mbali, na hata mashine ya kupima wingi wa mfupa ni ya kutafuta kwa tochi. Tulicho nacho ni ile njia ambayo zile seli zilizozikwa zinaielewa. Mwaka jana shangazi naye alivunjika nyonga. Safari hii tulihangaikia upasuaji mapema, na siku ya pili mtaalamu wa viungo akamsimamisha kwenye fremu ya kutembelea, jasho likimtoka, kanga imemkaa upande. "Mwanangu, waambie hawa waniache nipumzike," akaniomba.

Sikuwaambia.