Filamu ya mila za watu, nani aione kwanza?

Watengeneza filamu wa kujitegemea wanasifiwa sana siku hizi, hasa hawa wanaobeba kamera wenyewe wakaenda kukaa na jamii fulani kurekodi ngoma, uvuvi, matambiko na hadithi za wazee. Mi nawasifia pia, manake hawana bosi wa stesheni wa kuwaharakisha. Ila kukosa bosi huko huko ndo tatizo, mtengenezaji akizingua hakuna wa kumuuliza. Ndo maana wengine wanataka filamu ionyeshwe kwanza kwa jamii iliyorekodiwa, kabla ya watu wengine kuiona.

Mcheki Robert Flaherty, mtengeneza filamu Mmarekani, mwaka 1922 alitoa filamu ya Nanook of the North kuhusu Wainuit, wenyeji wa kwenye barafu kaskazini mwa Kanada, hela katoa kwenye kampuni ya manyoya. Akawawindisha kizamani wakati bunduki walishakuwa nazo, nyumba ya barafu ikajengwa nusu tu ili mwanga uingie, eti familia inaamka ndani kumbe upande mmoja uko wazi baridi inawapiga. Hata hilo jina Nanook sio la jamaa mwindaji tunayemwona kwenye filamu, aliitwa Allakariallak. Wanaomtetea wanasema bila yeye ule uwindaji usingebaki kwenye picha, na Wainuit wenyewe walishiriki kazi. Ni kweli, lakini mi naona kuigiza sio dhambi, dhambi ni kumficha mtazamaji kwamba hapa tumeigiza.

Jean Rouch, mtengeneza filamu Mfaransa, alijaribu njia nyingine. Alirekodi wawindaji wa viboko mto Niger mwaka 1951, baadaye akarudi kuwaonyesha, wakamwambia huu muziki uliouweka wa nini, kwenye kuwinda watu wananyamaza, kiboko si atasikia akimbie? Na ulikuwa muziki wao wenyewe! Kosa kama hilo mhariri aliyekaa mjini asingeligundua hata angerudia filamu mara mia. Pamoja na hayo, mwaka 1965 Ousmane Sembène, mtengeneza filamu wa Senegal, alimwambia usoni kwamba anawatazama Waafrika kama wadudu, kwa hiyo kurudi kuwaonyesha peke yake hakumtakasi mtu.

Halafu kuna hili ambalo watu hawapendi kulisema, ukiwaonyesha kwanza nani anakaa mbele? Wazee na wenye sauti, bana. Mjane aliyenyang'anywa shamba akisimulia mambo yake kwenye filamu unadhani shemeji zake watasema sawa iende hivyo hivyo? Jamii sio mtu mmoja. Mi ningegawa hivi: siri za tambiko wenyewe waamue, mtu aliyeonekana awe na neno juu ya sura yake na maneno yake, lakini mwenyekiti asipewe mkasi wa kukata ya wengine.

Wapo wanaokataa kuwaonyesha wahusika kwanza eti matamasha ya filamu yanataka kuwa ya kwanza kuonyesha, mi hiyo naiona kisingizio, onyesho la ndani kwa wahusika kwa kawaida halihesabiwi. Ngumu zaidi ni zile saa kibao za picha ambazo hazikuingia kwenye filamu, nyimbo nzima za bibi zimelala kwenye diski ya kompyuta ya mtu, na kwa sheria za nchi nyingi haki ya rekodi ni ya aliyerekodi, sio ya bibi aliyeimba. Hilo liandikwe kabla kamera haijawashwa, kopi inabaki kwa nani, na wajukuu wakiitaka wanaipataje.