Jahazi Limeshuliwa, Mimi Nimebaki na Kandambili

Miezi mitatu nilikuwa nikienda na kurudi Nungwi, huko ncha ya kaskazini ya Unguja, nikitengeneza dokumentari ya mzee mmoja na wanawe wakiunda jahazi. Nilishapata picha za tezo ikichonga, keekee ikitoboa, vijana wakikalafati, yaani wakiziba nyufa kwa pamba na mafuta, hata paka aliyejifanya nahodha. Ilibaki siku ya kushua, yaani kuliteremsha baharini.

Jahazi halishuliwi siku uitakayo wewe. Hungojewa bamvua, maji yajae hasa. Na likishaingia, limeingia.

Kamera yangu ina kitufe kimoja: ukibonyeza inarekodi, ukibonyeza tena inasimama, na taa nyekundu ndiyo shahidi. Taa hiyo nilikuwa nimeiziba kwa tepu nyeusi ya umeme, maana watu wakiiona hukaza shingo kama wanapiga picha ya pasipoti. Kipande cha akiba nikakizungusha kwenye kifundo cha mkono. Nilijiona fundi kweli.

Alasiri ya kushua nikabonyeza kujaribu sauti. Simu ya shangazi ikaingia, nikasahau.

Dua ikasomwa, ubani ukafuka, kamba zikashikwa. Nikabonyeza. Mmoja akaita, umati ukaitika, jahazi likaguna, likateleza. Nikaingia baharini mpaka kifuani, kamera juu ya kichwa, nikipiga kelele, "Nimepata! Nimepata!" Nikabonyeza tena, nikaining'iniza shingoni, nikaenda kula pilau.

Usiku, barazani kwa mzee, nikafungua kompyuta. Nusu ya kijiji ilikuwepo. Video ya kwanza: kandambili zangu, mchanga, na sauti yangu nikimlalamikia shangazi kuhusu tumbo. Kisha dua. Kisha ubani. Mikono ikashika kamba... kwisha.

"Jahazi li wapi?" akauliza mzee.

Nikameza mate. "Babu, haliwezi kupandishwa pwani kidogo, tulishue tena?"

"Mwanangu, mtoto huzaliwa mara mbili?"

Watu walicheka mpaka mtu mmoja akaanguka barazani. Mimi nikanyoosha mkono nizime.

"Wacha," akasema mzee. "Na hiyo ya pili?"

Ya pili ilianza pale nilipodhani nimesimamisha. Kamera ilikuwa shingoni, inatazama chini: sinia, pilau, mikono mitano, kila mtu anakula mbele yake kama adabu inavyotaka. Halafu mkono mmoja ukakata sinia zima, ukaenda mpaka upande wa mzee, ukaondoka na pande kubwa la nyama ya mbuzi.

Kumbe pande lile mzee alilitafuta jioni nzima, na mjukuu wake akakaripiwa kwa ajili yake.

"Simamisha hapo," akasema mzee. Akavaa miwani, akasogea. "Mkono huu umefungwa kitu cheusi."

Nikaurudisha mkono wangu nyuma ya mgongo, polepole. Mjukuu alikuwa ameshakaa nyuma yangu.

"Babu," akasema, "kitu chenyewe hiki hapa."