Narayan ni jina la kuitwa, msilikate

Kisutu, Dar es Salaam, nilikuwa na jirani, bibi wa Kigujarati. Kila magharibi alisimama roshani akimwita mjukuu wake aache mpira, apande kuoga. "Naaraayan! Wee Narayan!" Mtoto kimya. Anaita tena. Mwingine angeshafoka, lakini sauti ya bibi ilizidi kulainika.

Ukiuliza maana ya Narayan, wengi watakujibu Vishnu, mmoja wa miungu wakuu wa Kihindu, basi. Ni kweli, ila kuna mengi ndani yake. Jina ni la Kisanskriti, lugha ya kale ya India, nalo limeungwa kwa nara na ayana. Ayana ni mwendo, tena ni mahali pa kufikia na kukaa. Ndiyo ayana iliyomo katika Ramayana, utenzi wa kale wa mwendo wa Rama, na katika Uttarayan, sikukuu ya tarehe 14 Januari, Wagujarati wanapopanda juu ya mapaa kurusha tiara kwa kuwa jua limeshika mwendo wa kaskazini. Kwenye nara ndipo watu wanapotofautiana. Wapo wasemao ni binadamu, hivyo Narayan ni kimbilio la watu. Sheria za Manu, kitabu cha kale cha Kihindu, zinasema nara ni maji, na maji ndiyo yaliyokuwa makao yake ya kwanza. Tazama michoro: Vishnu kajilaza juu ya nyoka Shesha, bahari imemzunguka pande zote.

Kwangu mimi, maana kubwa zaidi imo katika kisa cha Ajamila, kwenye Bhagavata Purana, kitabu kitakatifu cha Kihindu. Huyu alikuwa brahmini, mtu wa tabaka la makuhani, wa mji wa Kanyakubja, aliyemwacha mkewe, akaishi kwa wizi na kamari. Alizaa watoto kumi, na kitinda mimba akamwita Narayan. Akiwa na miaka 88, wajumbe watatu wa Yama, mungu wa mauti, wakamjia na kamba mkononi. Kwa hofu akamwita mwanawe aliyekuwa akicheza mbali kidogo: Narayan! Wajumbe wa Vishnu wakafika pale pale, wakawazuia wale wa mauti. Mzee alikuwa akimwita mtoto tu, na hilo likatosha.

Sisi Waislamu wa pwani tunasema Abdulrahman, na wazee hutukanya tusimwite mtu Rahman peke yake. Wahindu nao wana Narayandas, mtumishi wa Narayan, lakini hawaogopi kumpa mtoto jina lenyewe, ili kila anapoitwa kula, kuoga au kulala, Mungu atajwe.

Ndiyo maana naumia nikisikia Narayan amefika shuleni akageuzwa Ryan. Wazazi, nawasihi, msikubali. K. R. Narayanan, Rais wa India kuanzia 1997 hadi 2002, alizaliwa katika familia ya Kidalit, watu waliotengwa kama najisi, huko Travancore, Kerala ya leo. Mahekalu ya serikali ya Travancore hayakuwafungulia milango watu wa tabaka lake hadi 1936, yeye akiwa tayari kijana. Mlangoni walizuiwa, lakini jina nyumbani hakuna aliyewazuia kuliita.

Siku moja nilimwuliza yule jirani, "Bibi, huchoki? Mtoto huyu hasikii mpaka umwite mara tano."

Akacheka. "Mwanangu, akiitika mara ya kwanza, mimi nitakuwa nimelitaja mara moja tu."