Kakakuona wa Tabora alindwe kuanzia kijijini

Katika misitu ya miombo ya Sikonge na Kaliua, anayemwinda kakakuona hahitaji bunduki wala mtego. Mnyama huyu hana meno, na akitishwa hujikunja, akaficha uso na tumbo ndani ya magamba. Kinga hiyo humshinda hata simba, lakini binadamu humwokota tu kwa mikono na kumtia kwenye kiroba. Hakuna mlio wa risasi wa kuwashtua askari wa doria. Kwa sababu hiyo naamini kwamba kazi kubwa ya mhifadhi ni kuwa karibu na mrina asali na mchungaji, ambao hukutana na kakakuona kabla ya mtu mwingine yeyote.

Sheria hazikosekani. Tuna Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009, na katika mkutano wa CITES, mkataba wa kimataifa unaodhibiti biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, uliofanyika Johannesburg mwaka 2016 aina zote nane za kakakuona ziliwekewa katazo la biashara ya kimataifa. Hata hivyo, Aprili 2019 Singapore ilikamata takribani tani 25 za magamba yaliyotoka Nigeria kuelekea Vietnam, katika shehena mbili zilizopishana kwa siku chache. Ukamataji wa namna hiyo ni muhimu, lakini haumrudishi porini mnyama hata mmoja. Inauma zaidi ukikumbuka kwamba magamba hayo, yanayouzwa kama dawa, ni keratini ileile ya kucha zetu, na kwamba jike kwa kawaida huzaa mtoto mmoja tu kwa wakati.

Ipo pia mila, ambayo mhifadhi hapaswi kuibeza. Sehemu nyingi za nchi yetu kakakuona akionekana huwekewa maji, nafaka na silaha, kisha wazee hutazama atakachokiendea ili wajue kama mwaka utakuwa wa mvua, wa mavuno au wa vita. Heshima hiyo imemwokoa mara nyingi asiuawe, ila umati unaomzunguka na kumshikashika humchosha mno, naye akikaa kifungoni mara nyingi hukataa kula, kwa kuwa chakula chake ni mchwa na sisimizi anaowafukua mwenyewe. Mhifadhi akiketi na wazee mapema, wanaweza kukubaliana kwamba utabiri ukishasomwa, mnyama arudishwe msituni usiku uleule.

Linalonisumbua zaidi ni hofu ya mwananchi mwema. Aliyemkuta kakakuona shambani huogopa kutoa taarifa asije akahojiwa kama mtuhumiwa, na mlanguzi huitumia hofu hiyo kumshawishi auze kimyakimya. Napendekeza kila kijiji kinachopakana na hifadhi kiwe na namba ya simu ya mhifadhi anayefahamika kwa sura, na mtoa taarifa apewe maandishi yenye muhuri wa ofisi ya kijiji yanayothibitisha kwamba alikuja kwa hiari yake. Namba hiyo ibandikwe panaponunuliwa asali na kwenye maghala ya tumbaku ya vyama vya msingi vya ushirika, kwa sababu huko ndiko watu wa porini hufika kila msimu.